Afisa Akikawia, Mlalamishi Afanye Nini?

Muhula wa pili chama chetu kiliandaa mjadala ambao wengi wenu mliuhudhuria. Mada ilikuwa "Wananchi ndio wanaochafua mazingira kuliko serikali". Upande wa kuunga mkono ulisema sisi wenyewe ndio tunaotupa chupa na makaratasi mitaroni. Wapinzani wakauliza, taka zikikaa miezi miwili bila kuzolewa, mwananchi azibebe kichwani azipeleke wapi? Makofi yalipigwa, meza zikagongwa, kisha mwanafunzi mmoja wa Kidato cha Kwanza akainua mkono akauliza: "Mtu akishaenda ofisini akalalamika, halafu ofisi inyamaze tu, anafanya nini?" Msemaji mkuu akamjibu ati arudi tena kesho. Ukumbi mzima ukacheka, na mjadala ukaendelea.

Lile swali lilibaki hivyo hivyo. Mwalimu mlezi wa chama akanituma nilitafutie jibu na kuliandika hapa. Akaniazima Katiba yake, na jamaa yetu mmoja ambaye ni karani kwa wakili akanisaidia kupata hukumu za kesi kadhaa. Hukumu ni ndefu jamani! Lakini ukizizoea zinasomeka kama hadithi, maana ndani yake mna watu, mito, vyoo na ugomvi.

Tuanze kwa kutenganisha makosa mawili ambayo wengi wetu huyachanganya. La kwanza ni la yule anayechafua: mwenye kiwanda anayemwaga maji machafu mtoni, au mwenye ploti ambaye shimo lake la choo linafurika hadi barabarani. La pili ni la afisa aliyepewa na sheria kazi ya kuzuia jambo hilo, akaambiwa, akasikia, akakaa. Watu hudhani korti ni ya kumpeleka yule wa kwanza peke yake. Kumbe huyu wa pili naye hupelekwa, na kosa lake ni kule kukawia kwenyewe.

Ushahidi umo katika Katiba ya mwaka 2010. Ibara ya 42 inampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya. Ibara ya 47 inasema kila mtu ana haki ya kuhudumiwa na utawala kwa haraka, kwa ufanisi, kwa kufuata sheria, kwa busara na kwa utaratibu wa haki. Tazameni neno lililotangulizwa: haraka. Halikuwekwa mwisho kama chumvi ya kuongezea. Halafu kuna Ibara ya 70, na hii ndiyo yenye meno. Inasema mtu akiona haki yake ya mazingira inavunjwa, au hata inaelekea kuvunjwa, anaweza kwenda mahakamani, nayo mahakama inaweza kusimamisha uchafuzi, kumlazimisha afisa wa umma achukue hatua, na kuamuru walioumia walipwe fidia. Tena inaongeza kwamba mlalamishi halazimiki kuonyesha kuwa kuna mtu aliyepata hasara au kuumia. Yaani huna haja ya kungoja mtoto augue kipindupindu ndipo uende kortini.

Zamani mambo hayakuwa hivi. Mwaka 1989 kulikuwa na mpango wa kujenga jumba la ghorofa 60 katika bustani ya Uhuru Park, Nairobi, na chama tawala kilikuwa nyuma ya mpango huo. Profesa Wangari Maathai akaenda Mahakama Kuu kuuzuia. Kesi ikatupwa. Jaji alisema kwamba Profesa hakuonyesha madhara ambayo yeye binafsi angeyapata tofauti na watu wengine, kwa hiyo hakuwa na haki ya kufungua kesi hiyo. Fikirini kidogo: bustani ni ya kila mtu, basi kwa sababu hiyo hiyo hakuna mtu anayeweza kuitetea! Jumba lenyewe halikujengwa, lakini si korti iliyolizuia. Ni kelele za wananchi, na wafadhili kujiondoa.

Huku kwetu magharibi, miaka hiyo hiyo, kulikuwa na Webuye. Kiwanda cha karatasi cha Pan Paper kilianza kazi mwaka 1974 kando ya mto Nzoia. Kilileta ajira na mji ukakua, hakuna anayekataa. Kilileta pia harufu ambayo abiria wa basi la Malaba waliitambua hata kama walikuwa wamelala, na wakazi walilalamika miaka nenda miaka rudi kuhusu moshi, maji ya mto na mabati kuliwa na kutu. Kiwanda kilifungwa mwaka 2009, si kwa sababu ya malalamiko hayo bali kwa madeni. Sasa mkazi wa Webuye mwaka 1985 angempeleka nani kortini, wakati serikali yenyewe ilikuwa na hisa katika kiwanda, na majaji walikuwa na mawazo kama ya yule wa kesi ya Uhuru Park? Na Nzoia ni mto usiojua mipaka. Unatelemka kutoka Cherangani, unapita Trans Nzoia, unapita Webuye na Mumias, unaingia Ziwa Victoria kule Budalang'i. Maji tunayoyachezea sisi wa Kitale, kuna mama anayaoshea vyombo huko chini.

Sheria ya mazingira yenyewe ilitungwa mwaka 1999 na kuanza kutumika Januari 2000. Ndiyo iliyoiunda NEMA, mamlaka ya taifa ya kusimamia mazingira, na ndiyo iliyofuta ule mtego wa Uhuru Park kwa kumruhusu mtu yeyote kwenda kortini kutetea mazingira. Katiba ikaja kuikaza fundo. Mwaka 2013 jaji wa Mahakama ya Mazingira na Ardhi huko Eldoret, katika kesi ya msitu wa Lembus, alieleza wazi kwamba siku hizi mtu halazimiki kuthibitisha kwamba jambo linamgusa yeye binafsi. Mahakama za aina hiyo hiyo zimo Kitale na Bungoma pia, kwa hiyo si lazima mtu apande basi la usiku kwenda Nairobi.

Sasa tufike penyewe. Amri ya mahakama inayomhusu afisa anayekawia inaitwa mandamasi. Tafadhali msiichanganye na mandazi. Ni neno la Kilatini lenye maana ya "tunaamuru", na amri yenyewe ni ya kumlazimisha mwenye cheo cha umma kutimiza wajibu ambao sheria imemwekea. Jambo lililonifurahisha ni kwamba kesi ya mandamasi kwa desturi huandikwa kwa jina la nchi: "Jamhuri dhidi ya Fulani". Ni kama nchi yenyewe inamwambia mtumishi wake, wewe, nilikuajiri ufanye nini?

Kesi inayotajwa na karibu kila jaji anayeandika juu ya mandamasi hapa Kenya itawavutia wanafunzi, maana aliyeshtakiwa ni Baraza la Mitihani! Iliamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1997. Majaji walieleza mambo mawili. Kwanza, mandamasi hutolewa pale ambapo sheria imemwekea mtu wajibu naye hakuutimiza. Pili, ikiwa sheria imemwachia mwenyewe achague njia ya kuutimiza, mahakama haiwezi kumchagulia njia. Tuchukue mfano. Sheria ya Afya ya Umma, ambayo ni ya tangu wakati wa ukoloni, inaziwekea serikali za mitaa wajibu wa kuweka eneo lao safi na kuondoa kero zinazodhuru afya. Na Katiba, katika Jedwali la Nne, imezipa kaunti kazi ya kuzoa taka, kusimamia majaa na kudhibiti uchafuzi wa hewa na makelele. Basi jaji anaweza kuiambia kaunti: ondoeni kero hii. Hawezi kuiambia: nunueni lori la tani saba, mmuajiri dereva fulani. Nilipolisoma hilo mara ya kwanza niliona majaji wamekuwa waoga. Baadaye nikaona wana haki. Jaji hajui bei ya lori, na sisi hatukumpigia kura aendeshe kaunti.

Mandamasi imewahi kutumika katika mambo ya uchafu hasa. Huko Kiserian, karibu na Nairobi, wenye majengo walishtakiwa kwamba maji taka yao yanaingia katika mto ambao watu wanautumia. Nao wakaenda Mahakama Kuu wakalalamika: mbona sisi tu, wakati mji mzima hauna mfumo wa maji taka? Mwaka 2006 majaji watatu wakatoa uamuzi ambao sikuutarajia. Walisimamisha yale mashtaka kwa kuwa yalibagua, lakini hawakuishia hapo wakasema haya nendeni nyumbani. Waligeukia mto. Walisema haki ya kuishi ni pamoja na haki ya mazingira safi, na wakatoa mandamasi kuamuru mamlaka za serikali zijenge mtambo wa kusafisha maji taka. Hata hiyo Katiba mpya ilikuwa haijazaliwa.

Lakini ngoja. Mtu hawezi kuamka tu asubuhi akakimbilia mandamasi. Majaji huuliza: ulimwomba afisa atimize wajibu wake? Alikataa, au alinyamaza kwa muda usio wa haki? Thibitisha. Hapa ndipo wananchi wengi huanguka, na nitatoa mfano wa karibu. Mtaani kwetu kuna mtaro ambao hujaa maji machafu yenye mafuta, na mvua ikinyesha yanaingia mpaka jikoni kwa watu. Akina mama walikwenda katika ofisi moja, ambayo sitaitaja, mara nne. Walikwenda kwa miguu, wakangoja kwenye benchi, wakaeleza kwa mdomo, wakaambiwa bwana mkubwa yuko mkutanoni. Miezi minane ikapita. Mwishowe akaja afisa mwingine aliyehamishiwa pale, akafungua kabati, akawaambia kwa upole kabisa kwamba hakuna faili yoyote inayotaja mtaro huo. Mbele ya sheria, zile safari nne ni kama hazikuwahi kufanywa.

Kwa hiyo dawa ya kwanza ni barua. Sisi tunafundishwa barua rasmi tangu Kidato cha Kwanza, tunaiona ni ya mtihani tu, kumbe ni silaha. Barua isiseme "tunaumia sana, tunaomba mtusaidie, Mungu awabariki". Barua hiyo itasomwa, mtu atasikitika, na itawekwa chini ya nyingine. Iseme ni mahali gani, ni uchafu gani, ulianza lini, unatoka wapi, ni sheria gani inayompa afisa huyo kazi hiyo, tunataka afanye nini, na ndani ya siku ngapi. Kwa mfano: "Tunaomba ofisi yako ikague mtaro huu na utuarifu kwa maandishi ndani ya siku 14 hatua mliyoichukua." Weka nakala mbili. Moja ibaki kwao, nyingine igongwe muhuri wa kupokelewa, wenye tarehe, uende nayo nyumbani. Ule muhuri ni wa bure, na ndio utakaohesabu siku za kukawia kwake.

Mtaniuliza, siku ngapi ndizo kukawia? Sheria haikutaja idadi moja. Sheria ya mwaka 2015 inayotekeleza Ibara ya 47 inasema tu kwamba mahakama inaweza kuchunguza kitendo cha afisa ikiwa kuna ucheleweshaji usio na sababu, au ikiwa ameshindwa kufanya aliloamriwa na sheria. Jaji hutazama hali ilivyo. Jaa linalonuka si sawa na sumu iliyoingia kisimani. Sheria hiyo hiyo inampa jaji uwezo wa kuagiza uamuzi ufanywe, kutangaza haki za wanaoteta, na hata kuamuru fidia ya pesa. Na pia Ibara ya 47 inampa aliyeumizwa na uamuzi wa utawala haki ya kupewa sababu kwa maandishi, kwa hiyo "tumekataa" peke yake si jibu.

Kuna barua ya pili ambayo watu hawaijui. Ibara ya 35 ya Katiba na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 zinamruhusu raia kuomba habari zilizo mikononi mwa serikali. Ukiomba ripoti ya ukaguzi wa mtaro au nakala ya leseni ya kiwanda, ofisi inapaswa kukujibu ndani ya siku 21, na ikiwa habari hiyo inahusu maisha au uhuru wa mtu, ndani ya saa 48. Uzuri wa barua hii ni kwamba jibu lolote linakufaa. Wakikupa ripoti, una ushahidi. Wakisema hakuna ripoti, wamekiri wenyewe kwamba hawajakagua.

Sasa mlango. Hapa mambo yana kona kidogo, naomba tuvumiliane. Sheria ya mazingira imeunda vyombo vingine kabla ya mahakama: kuna Kamati ya Kitaifa ya Malalamiko ya Mazingira, ambayo huchunguza, na kuna Jopo la Kitaifa la Mazingira, ambalo husikiliza rufani juu ya leseni za NEMA. Wapo pia Ombudsman, ambao hupokea malalamiko dhidi ya maafisa wazembe. Mlalamishi aanzie wapi? Wakazi wa Kibos, Kisumu, waliipata shida hii kwa uchungu. Walikwenda moja kwa moja katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi kulalamika juu ya viwanda vilivyo jirani nao, na wakashinda. Mahakama ya Rufani ikaupindua ushindi wao, na Agosti 2020 Mahakama ya Juu ikakubali kwamba wangeanzia katika vile vyombo vya mazingira. Kushinda, kisha kuambiwa ulipitia mlango usiofaa! Lakini Desemba 2023, katika kesi nyingine, Mahakama ya Juu ilisema kwamba mtu anayelalamikia kuvunjwa kwa haki yake ya kikatiba ya mazingira anaweza kufika katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, na kwamba vile vyombo vingine visimzuie ikiwa haviwezi kumpa nafuu anayoitafuta. Kwa maoni yangu huu wa pili ndio wenye haki, maana kamati inayochunguza na kuandika ripoti haiwezi kumlazimisha mtu. Hata hivyo wakili mwangalifu atauliza kwanza: ubishi wako ni juu ya leseni, au ni juu ya afisa aliyekaa kimya? Ikiwa ni leseni, nenda katika jopo, na uende upesi kwa sababu siku za kukata rufani ni 60.

Afisa akishafikishwa mbele ya jaji, utetezi wake mara nyingi ni mmoja: pesa hakuna. Bajeti haijapitishwa, lori limeharibika. Juu ya hili niliona tuvuke bahari kidogo. Mji wa Ratlam, India, ulikuwa na mitaro ya wazi yenye kinyesi na maji ya kiwanda cha pombe, na wakazi wakamwendea hakimu. Hakimu akaamuru manispaa irekebishe. Manispaa ikakata rufani mpaka Mahakama ya Juu kabisa ya India ikidai haina pesa. Mwaka 1980 Jaji Krishna Iyer akakataa utetezi huo. Alisema manispaa iliundwa ili kulinda afya ya watu, na haiwezi kuukimbia wajibu huo kwa kisingizio cha mfuko mtupu. Uamuzi wa India hauzifungi korti zetu, ila mawakili wa Kenya huutaja, na ukitembea nyuma ya soko lolote siku ya mvua utaona kwa nini.

Kesi niliyoisoma mara tatu ni ya Owino Uhuru, mtaa wa maskini huko Mombasa. Mwaka 2007 kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kilianza kazi kikiwa kimegusana na nyumba za watu, ukuta kwa ukuta. Betri zina madini ya risasi, na risasi ikiingia katika damu ya mtoto huharibu ubongo wake. Hakuna dawa ya kuurudisha. Mama mmoja aliyefanya kazi kiwandani, Phyllis Omido, aligundua kwamba mtoto wake mchanga ana risasi mwilini. Akaacha kazi, akaanza kuzunguka ofisini. Wakazi waliandamana. Kiwanda kilifungwa mwaka 2014. Hesabuni wenyewe: aliyezaliwa mwaka kilipoanza kazi alikuwa darasa la kwanza au la pili kilipofungwa, na miaka yote hiyo alikuwa akivuta ule moshi.

Mwaka 2016 kesi ikafunguliwa katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Mombasa. Tarehe 16 Julai 2020 Jaji Ann Omollo akaamua wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, na udongo usafishwe, la sivyo zitolewe shilingi milioni 700 nyingine za kuusafisha. Lakini shikeni hapa, kwa maana hiki ndicho kiini cha somo langu. Jaji aliwagawia lawama walioshtakiwa kwa sehemu mbalimbali. Kiwanda kilichotoa sumu kilipewa asilimia 25. NEMA, ambayo haikuyeyusha hata betri moja, ilipewa asilimia 40. Wizara za mazingira na afya nazo zikapata sehemu zao. Kwa maneno mengine, waliopaswa kuzuia walibebeshwa mzigo mkubwa kuliko aliyetenda.

Sitaki mtu adhani kwamba wakazi walikwenda benki kesho yake. NEMA ilikata rufani. Mwaka 2023 Mahakama ya Rufani ikaiondoa ile hesabu ya fidia na kurudisha jambo hilo chini likapimwe upya, na wakazi wakapanda tena hadi Mahakama ya Juu. Mahakama zenyewe hukawia, tusidanganyane. Kuna ajabu ndani yake: unamshtaki afisa kwa uzembe, na kesi ya uzembe inachukua miaka. Ndiyo sababu jambo la busara ni kuomba amri ya muda mapema, ya kusimamisha uchafuzi wakati kesi inaendelea, wala si kungoja hukumu ya mwisho.

Na afisa akipewa mandamasi akaiweka katika droo? Basi anakuwa ameidharau mahakama. Sheria ya mwaka 2011 iliyounda Mahakama ya Mazingira na Ardhi inasema anayekataa kutii amri yake anaweza kutozwa faini isiyozidi shilingi milioni 20, au kufungwa miaka isiyozidi miwili, au vyote viwili. Anayefungwa ni mtu, si ofisi. Kiti hakilali korokoroni. Huko Ufilipino walitumia njia nyingine. Mwaka 2008 Mahakama ya Juu iliziamuru idara kadhaa za serikali zisafishe Ghuba ya Manila, halafu haikufunga faili. Ilizitaka zilete ripoti kila baada ya miezi mitatu. Majaji wetu wangeweza kuifuata njia hiyo mara nyingi zaidi, maana jaa la taka haliondoki kwa hukumu ya siku moja.

Limebaki swali ambalo wenzangu wa Kidato cha Tatu waliniuliza nilipowasomea rasimu: wakili analipwa na nani? Kesi kubwa inahitaji wakili, sitawaficha. Lakini Ibara ya 22 ya Katiba inasema kusitozwe ada ya kufungua kesi ya kutetea haki za kikatiba, na utaratibu wake usiwe mgumu. Kanuni za mwaka 2013, zilizotolewa wakati Willy Mutunga alipokuwa Jaji Mkuu, zinaeleza kwamba mahakama inaweza kukubali hata barua ya kawaida, au maneno ya mdomo ambayo yataandikwa na mahakama yenyewe, mradi yaonyeshe haki iliyovunjwa. Mtu pia anaweza kufungua kesi kwa niaba ya wengine wasioweza, au kwa niaba ya kikundi. Sisi tulio chini ya miaka 18 hupitia kwa mtu mzima anayesimama badala yetu, mzazi au mwingine.

ZOEZI. Hiki ni kisa cha kubuni. Chinjio moja linamwaga damu katika kijito kinachoingia mto Kuywa. Wakazi walipeleka barua kwa afisa wa afya ya umma, ikagongwa muhuri tarehe 3 Februari. Tarehe 20 Mei hawajapata jibu, na mtu aliye karibu na afisa huyo anasema gari la ukaguzi halina mafuta. Ni nani wawili waliokosa, na kila mmoja kwa kosa gani? Jaji anaweza kuamuru nini, na kitu gani hawezi kuamuru? Kisha uandike barua ya wakazi ya tarehe 21 Mei, isiyozidi ukurasa mmoja, ukiwa mkazi na si wakili. Majibu yapelekwe kwa katibu wa chama kabla ya Ijumaa ya wiki ya nne. Barua bora itasomwa kwenye gwaride la Jumatatu.